Je, Wajua? Tambi za Sabato Kando ya Mlima Elgon

Nchi iliyokosa kuzaliwa

Je, wajua kwamba Kitale nusura ipakane na nchi ya Wayahudi? Aprili 1903 Wayahudi wengi waliuawa katika ghasia za mji wa Kishinev, uliokuwa chini ya Urusi. Mwezi huohuo Joseph Chamberlain, Waziri wa Makoloni wa Uingereza, alimwambia Theodor Herzl, kiongozi wa Wazayuni, kwamba alikuwa ameona mahali pa kuwafaa watu wake. Chamberlain alikuwa amepanda reli ya Uganda mwishoni mwa 1902, na nyanda za juu zikamvutia. Ardhi iliyopendekezwa baadaye ni uwanda wa Uasin Gishu, takriban maili za mraba 5,000, pale Eldoret ilipo leo, ukitoka tu Trans Nzoia.

Vitabu huuita mpango huo Mpango wa Uganda, na wasomaji wengi hupotea hapo wakidhani ni habari ya Kampala. Hadi Aprili 1902 magharibi ya Kenya ya leo, Bungoma na Kitale zikiwemo, ilikuwa upande wa mashariki wa Uganda. Waingereza waliusogeza mpaka kwa kalamu; jina la mpango likabaki palepale.

Agosti 1903 mkutano mkuu wa Wazayuni mjini Basel ulipiga kura 295 kwa 178 kwamba watumwe watu wakaitazame nchi hiyo. Walikuja watatu mwanzoni mwa 1905: Meja Gibbons, Mwingereza; Alfred Kaiser, Mswisi; na mhandisi Myahudi kutoka Urusi, Nahum Wilbusch. Gibbons hakuichukia nchi. Wilbusch aliikataa katakata. Herzl mwenyewe alikuwa ameshafariki Julai 1904, na mkutano wa 1905 ukalifunga jambo lile. Kote huko, Wanandi wenye malisho yao hawakuulizwa neno. Oktoba 19 mwaka huohuo wa 1905 kiongozi wao Koitalel arap Samoei aliuawa na Waingereza, na masetla waliokuja kukaa uwandani kuanzia 1908 wakawa Makaburu kutoka Afrika Kusini.

Haya yanahusiana vipi na jiko? Watu wakihama, sufuria huhama nao. Laiti mpango ule ungefaulu, leo matatu ya Kitale kwenda Eldoret ingekuwa inapita vibanda vinavyouza kugeli vipande vipande, na sisi tungekuwa tunabishana kama ya Moi's Bridge ni tamu kuliko ya Turbo.

Kugeli ni nini hasa

Ni tambi zilizochemshwa, zikachanganywa na mayai na mafuta, zikatiwa chomboni na kuokwa mpaka juu pawe na ganda la kahawia na ndani pashikane kiasi cha kukatika kwa kisu. Ni chakula cha Wayahudi wa Ulaya Mashariki, watu wa Poland, Lithuania, Ukraine na Hungary. Wayahudi wa Yemen au Ethiopia hawakukua nacho. Kwa hiyo mtu akikwambia kwamba hiki ni chakula cha Biblia, mcheke taratibu: Musa hakukijua.

Mwanzoni halikuwa jambo la tambi. Lilikuwa donge la unga au mkate, likitiwa ndani ya chungu cha mchuzi wa Sabato liivie humo, likitoka na umbo la mviringo. Tambi zilikuja baadaye. Viazi vilikuja nyuma zaidi, karne ya 19, vilipokuwa chakula cha maskini wa Ulaya Mashariki, na ndipo kukawa na kugeli ya viazi, ambayo hadi leo inagombea kiti na ya tambi.

Jua la Bungoma ni rahisi

Je, wajua kwa nini chakula hiki kinapikwa Ijumaa? Sabato ya Kiyahudi huanza jua linapozama Ijumaa, na kuanzia hapo mpaka usiku wa Jumamosi hawawashi moto wala hawapiki. Chakula cha moto cha Jumamosi mchana lazima kiwe motoni kabla ya machweo. Katika miji ya Poland wanawake walipeleka vyungu vyao kwa mwokaji mikate, akaviingiza vyote kwenye tanuri lake, akaufunga mlango kwa udongo. Kesho yake mchana watoto walitumwa kuvichukua. Kugeli ililala humo usiku kucha ikibadilika rangi polepole.

Sasa hesabu saa. Vilnius, mwezi wa Desemba, jua huzama kabla ya saa 10 alasiri. Mama wa huko alikuwa na nusu siku tu ya kukanda, kukata, kukausha na kupika. Juni hali hugeuka, na machweo husogea mpaka karibu saa 4 usiku kwa saa za siku hizi. Bungoma ipo digrii isiyofika moja kutoka Ikweta. Mwaka mzima jua lake huzama kati ya saa 12 na nusu na saa 1 jioni hivi. Mtu anayeshika Sabato hapa hahitaji kalenda ya machweo ukutani. Anachohitaji ni kuwa nyumbani kabla kuku hawajapanda juu ya mti.

Mpaka wa sukari na pilipili

Hili ndilo ninalolipenda kuliko yote. Wayahudi wa Poland ya kusini na magharibi walitia sukari kwenye kugeli. Wale wa Lithuania walitia pilipili manga na chumvi. Wataalamu wa lugha na mapishi wamechora mstari kwenye ramani, upande huu utamu, upande ule ukali, na mstari huo unakaribiana sana na mpaka wa lafudhi zao. Ukimsikia mtu anavyotamka, unaweza kubahatisha kugeli yake ya Sabato ina sukari au haina.

Sababu inayotajwa ni viwanda. Kiwanda cha kwanza cha sukari ya kiazisukari duniani kilijengwa Kunern, Silesia, mwanzoni mwa karne ya 19 na mkemia Franz Karl Achard. Viwanda vya aina hiyo vilisambaa katika Poland, sukari ikashuka bei, na upishi wa jirani zake ukawa mtamu. Mtu wa Bungoma haoni ajabu. Tangu Nzoia Sugar ianzishwe mwaka 1975, vijiji vyote vinavyoizunguka vimejua maana ya kiwanda kubadili shamba, mfuko na kikombe cha chai, siku za neema na siku za malipo kuchelewa.

Myahudi mmoja maarufu wa Kenya alitoka upande wa pilipili. Abraham Block, mzaliwa wa Lithuania, alifika nchini mwaka 1903 kutoka Afrika Kusini, akivutwa na habari za huo Mpango wa Uganda. Mpango ulikufa, yeye akabaki. Alianza kwa kushona magodoro yaliyojazwa majani makavu; mwaka 1927 akainunua Norfolk Hotel ya Nairobi. Kusanyiko la Wayahudi wa Nairobi lilikuwa limeshaundwa mwaka 1904, na sinagogi lao bado lipo kwenye kona ya Uhuru Highway na University Way. Wengi hulipita kila siku wakienda mjini bila kujua ni nini.

Binamu yake yuko Pwani

Ukiwahi kualikwa futari Mombasa, Lamu au Unguja, umekula ndugu wa kugeli tamu. Tambi za Waswahili hukaangwa kidogo mpaka zipate rangi, zikapikwa kwa maji au tui la nazi, sukari, iliki na zabibu kavu. Misafara ya Waswahili ilikuwa ikipita Mumias katika karne ya 19, na Waislamu wa Mumias, Bungoma na Kitale hawajapoteza mapishi hayo. Weka sahani mbili mezani, moja ya tambi za Idi na moja ya kugeli ya Poland, na tofauti utakayoona ni mayai na tanuri. Nazi huku, maziwa kule. Wapishi wa Bahari ya Hindi na wa Poland hawakuwahi kuonana, lakini kila upande uliona kwamba tambi zinavumilia sukari.

Ndiyo maana sikubaliani na wanaosema chakula hiki ni kigeni kwa mtu wa huku. Kigeni ni ule utaratibu wake wa Ijumaa. Vitu vinavyotiwa humo karibu vyote viko soko la Kitale.

Unga upo hapohapo

Uwanda uliokataliwa na Wilbusch kama usiofaa leo ni ghala la ngano. Uasin Gishu ni miongoni mwa kaunti zinazoongoza nchini kwa ngano, pamoja na Narok. Chuo Kikuu cha Eldoret, kwa msaada wa Shirika la Kimataifa la Nishati ya Atomiki, kilitoa mwaka 2014 mbegu iitwayo Eldo Ngano 1, iliyopatikana kwa kupiga mbegu mionzi ili kupata mimea inayostahimili kutu ya shina. Aina moja ya kutu hiyo, Ug99, ilipewa jina hilo kwa sababu iligunduliwa Uganda mwishoni mwa miaka ya 1990, na kutoka huko ikavuka Kenya, Ethiopia, Yemen mpaka Iran.

Usitafute ngano ngumu ya Waitaliano kwa kazi hii. Ngano ile hupenda nchi za joto na ukavu, na Wayahudi wa kaskazini hawakuwa nayo. Walitumia unga wa kawaida na mayai. Yai ndilo linaloshika tambi isipasuke majini. Unga wako wa chapati unatosha kabisa.

Tambi kwa mkono

Gramu 300 za unga, yaani vikombe viwili vya chai vilivyojaa, mayai 3 na chumvi kidogo. Kanda dakika 10 mpaka donge liwe gumu na laini juu, gumu kuliko la chapati. Lifunike nusu saa. Ukisahau kulipumzisha, litarudi nyuma kila unapolisukuma, na utalaumu unga bure.

Ligawe mara nne. Sukuma kila kipande kwenye kibao cha chapati mpaka uone rangi ya kibao kupitia kwake. Tandaza kitambaa safi mezani au juu ya kiti, anika hapo mpaka ukingo uanze kukauka lakini katikati bado papinde. Nyunyiza unga, kunja kama mkeka, kata kwa kisu vipande vya upana wa kidole kidogo, kisha vitikise vifunguke. Wanawake wa Poland walifanya hivi kila Alhamisi usiku au Ijumaa asubuhi, wakaanika tambi kila mahali palipokuwa wazi ndani ya nyumba.

Kama huna muda, nunua pakiti ya tambi pana dukani. Spageti iliyovunjwa mara tatu pia huenda. Makaroni hukubali, ila kipande chake hakikatiki vizuri.

Kugeli tamu ya maziwa

Hii ndiyo iliyoenea Marekani katika karne ya 20, ambako maziwa, krimu na jibini vilikuwa rahisi kupata. Kitale ni nchi ya ng'ombe wa maziwa, kwa hiyo huku imefika nyumbani.

Anza na jibini. Chemsha lita moja na nusu ya maziwa freshi. Yakianza kupanda, punguza moto, tia vijiko vikubwa 3 au 4 vya maji ya ndimu, koroga polepole. Maziwa yatakatika, mabonge yatajitenga na maji ya kijani hafifu. Mimina kwenye kitambaa chembamba, ning'iniza nusu saa. Utapata kama gramu 250, kiasi kinachohitajika. Maji usimwage, ni mazuri kukandia chapati.

Chemsha gramu 400 za tambi katika maji ya chumvi. Zitoe zikiwa bado na ugumu kidogo, kwa sababu zitamalizia kuiva ndani ya oveni. Chuja, kisha changanya na gramu 80 za siagi zingali moto ili zisishikane.

Katika bakuli jingine piga mayai 4. Tia kikombe kimoja cha maziwa mala mazito, lile jibini ulilolisaga kwa uma, gramu 100 za sukari, kijiko cha chai cha mdalasini, chumvi kiasi, na konzi ya zabibu kavu zilizolowekwa maji moto. Mala isiwe ile ya majimaji. Ikiwa nyepesi, ichuje kwanza. Changanya na tambi. Mimina kwenye trei iliyopakwa siagi, kimo kisichozidi vidole vinne. Oka nyuzi 180 kwa dakika 45 hadi saa nzima, mpaka ncha za tambi zilizochomoza juu ziwe za kahawia na katikati pasitikisike.

Kisha ngoja. Dakika 20 bila kukata. Hapa ndipo wapishi wengi huharibu kazi: harufu ya mdalasini huwashinda, hukata mapema, na kinachotoka ni uji.

Wamarekani wengi humwaga juu yake konifleksi zilizovunjwa na kuchanganywa na siagi, ili pawe na mlio wa kutafuna. Mji wa Kitale, wenye makao ya Kenya Seed, kampuni ya mbegu iliyoanzishwa mwaka 1956 na iliyoyafanya mahindi chotara kuwa mali ya wakulima wadogo tangu miaka ya 1960, hauna sababu ya kukataa mahindi juu ya tambi.

Ile ya Yerusalemu, isiyo na maziwa

Mimi ningeanza na hii. Haihitaji jibini wala siagi, na tambi zake ni zile nyembamba zinazouzwa kila duka la Mhindi. Chemsha gramu 400 na uchuje. Katika sufuria nzito weka nusu kikombe cha mafuta na gramu 150 za sukari, moto wa wastani, mpaka sukari iyeyuke na kuwa kahawia iliyoiva, karibu na kuungua lakini haijaungua. Macho yasitoke sufuriani hata nukta. Mimina tambi ndani, koroga haraka. Sukari nyingine itaganda kama kioo, usiogope, itayeyuka tena.

Acha zipoe kiasi cha kuweza kuweka kidole. Ukitia mayai mapema yatakuwa mayai ya kukaanga. Tia mayai 4 yaliyopigwa, chumvi, na vijiko viwili vya chai vya pilipili manga iliyosagwa. Ndiyo, viwili. Oka saa nzima nyuzi 180. Huko Yerusalemu huliwa pamoja na matango ya siki. Achari ya ndimu kutoka Mombasa hufanya kazi hiyo vizuri zaidi, kwa maoni yangu. Sukari na pilipili katika sahani moja: ule mpaka wa Poland na Lithuania, mpishi wa Yerusalemu aliuruka tu.

Maji ya Kitale huchemka mapema

Je, wajua kwamba tambi huchelewa kuiva Kitale kuliko Mombasa? Kitale iko kama mita 1,900 juu ya usawa wa bahari, na huko maji huchemka yakifika nyuzi 94 hivi badala ya 100. Bungoma, mita 1,400 hivi, ni kama nyuzi 95. Maji yanatokota kwa kelele lakini joto lake ni dogo. Kwa hiyo zile dakika zilizoandikwa kwenye pakiti ziongeze mbili au tatu, na uonje badala ya kuamini saa. Maharagwe hupata shida kubwa zaidi kwa sababu hiyohiyo. Oveni haijali mwinuko kiasi hicho; nyuzi 180 ni 180 popote.

Bila oveni

Nyumba nyingi hazina. Chukua sufuria kubwa nzito, tandaza changarawe au mchanga mkavu chini, iweke juu ya jiko la makaa dakika 15 ipate moto. Ingiza trei ndogo au sufuria ndogo yenye kugeli, funika kwa mfuniko wa bati, panga makaa juu ya mfuniko. Makaa ya juu yawe mengi kuliko ya chini. Watu walioka keki hivi kabla ya stima kufika, na wanaooka mkate wa kumimina Pwani wanaijua siri hiyo: moto wa juu ndio unaopaka rangi.

Vikundi vya akina mama vya magharibi vimekuwa vikishona vikapu vya kupikia, vyenye matandiko mazito ndani, ambamo sufuria iliyochemshwa hufungiwa ikaendelea kuiva bila moto. Ni fikra ileile ya tanuri la mwokaji lililofungwa kwa udongo. Lakini kikapu hakichomi juu. Kitumie kwa maharagwe, na kugeli iachie makaa.

Kuku, siagi na sheria

Sheria ya chakula ya Kiyahudi hairuhusu nyama na maziwa katika mlo mmoja. Baada ya nyama wengi hungoja saa kadhaa, sita kwa desturi za baadhi, kabla ya kugusa maziwa. Maana yake mezani ni kwamba kugeli ya mala na siagi haiwezi kukaa pamoja na kuku. Kwa mtu wa Bungoma hilo ni jambo zito, maana mgeni asiyechinjiwa kuku ana haki ya kwenda kusimulia. Suluhisho ni kugeli ya mafuta ya mimea, isiyo upande wowote. Mafuta yalikuwa na thamani hivyo kwa jiko la Kiyahudi. Na yule Wilbusch aliyeikataa Uasin Gishu baadaye alianzisha kiwanda cha mafuta cha Shemen mjini Haifa. Kazi ya mafuta ilimtoa vizuri kuliko kazi ya kupima ardhi.

Sheria nyingine inamfaa kila mpishi: kila yai huvunjwa kwanza kwenye kikombe peke yake na kuangaliwa. Likiwa na doa la damu, halitumiki. Asiyejali doa atashukuru siku atakapokutana na yai viza kabla halijaingia kwenye bakuli la mengine.

Wayahudi wa karibu zaidi

Toka Bungoma, vuka Lwakhakha, zunguka mlima kwenda Mbale. Ni upande wa ndugu: Wamasaba wa kule na Babukusu wa huku wanasikilizana lugha, na wote wawili hutahiri vijana miaka inayogawanyika kwa mbili. Nje kidogo ya Mbale kuna kilima cha Nabugoye, na hapo wanaishi Abayudaya.

Mwanzilishi wao ni Semei Kakungulu, jemadari Muganda aliyewatekea Waingereza nchi za mashariki ya Uganda na kuujenga mji wa Mbale, kisha akaona kwamba ujira aliotarajia hautafika. Akajiunga na Wamalaki, dhehebu lililokataa dawa za hospitali. Akaisoma Torati kwa makini kuliko walimu wake walivyopenda. Mwaka 1919 akatahiriwa pamoja na wanawe, akajitangaza Myahudi. Alifariki Novemba 1928. Karibu mwaka 1920 alifika kwake Myahudi mgeni ambaye masimulizi yanamkumbuka kwa jina moja tu, Yosef. Alikaa kama miezi sita, akawafundisha kalenda, sikukuu na vyakula vinavyoruhusiwa. Walipokea sheria, mapishi ya Poland hayakuwa sehemu ya somo. Sheria haina tambi ndani yake, na Sabato hushikwa vilevile kwa matoke.

Idi Amin aliipiga marufuku dini yao. Inakadiriwa kwamba walikuwa kama 3,000 hapo awali. Utawala wake ulipoisha mwaka 1979 walibaki kama 300. Waliobaki walijijenga upya. Gershom Sizomu alisoma Marekani na kupata urabi mwaka 2008. Sinagogi jipya kubwa lilifunguliwa Nabugoye mwaka 2016. Na mwaka 2004 J.J. Keki, mmoja wao, alianzisha na jirani zake Wakristo na Waislamu ushirika wa kahawa uitwao Mirembe Kawomera, wakiuza kahawa ya Elgon hadi Marekani. Kahawa ya mlima huo ina historia yake na upande wetu pia: wazee wa Chepkube bado wanaikumbuka miaka ya 1976 na 1977, gunia la kahawa ya magendo lilipovuka mpaka usiku na kuamka utajiri.

Wakimbizi na mpishi Owuor

Wayahudi wa Ujerumani waliofika Kenya mwaka 1938 na 1939 walipelekwa mashambani kama mameneja, wengi wakiwa hawajawahi kushika jembe. Baba yake Stefanie Zweig alikuwa wakili huko Silesia. Akajikuta akichunga ng'ombe wa mtu Rongai, na baadaye Ol Joro Orok. Binti huyo aliandika riwaya juu ya maisha hayo mwaka 1995, na filamu iliyotokana nayo, ya mwongozaji Caroline Link, ikashinda Oscar mwaka 2003. Mhusika anayependwa zaidi humo ni mpishi, Owuor. Katika nyumba za masetla na wakimbizi sawia, aliyejua moto wa jiko ulivyo na lini sufuria igeuzwe alikuwa ni mtu wa huku.

Pasaka haina tambi

Kwa siku saba au nane za Pasaka, Wayahudi hawali chochote cha ngano kilichopata nafasi ya kuchachuka, na tambi huingia katika marufuku hiyo. Kugeli ya wakati huo ni ya viazi. Nunua vya Kapsokwony, vile vyenye unga mwingi, kilo moja na nusu. Viparue pamoja na kitunguu kikubwa, ukipishanisha kiazi na kitunguu, maana maji ya kitunguu huchelewesha weusi wa viazi. Kamua maji kwa mikono, acha yatulie kwenye bakuli, mwaga ya juu na urudishe ule wanga mweupe uliobaki chini. Tia mayai 4, chumvi, pilipili manga na nusu kikombe cha mafuta. Trei yenyewe iwe imeshapashwa oveni na mafuta kidogo ndani, ili mchanganyiko ulie unapomiminwa. Nyuzi 200, saa nzima na robo.